Mahadhi Kabla ya Picha: Muziki wa Zhao Jiping

Mtunzi wa shairi katika pwani yetu haanzi na neno, huanza na mahadhi. Huijua kwanza sauti ambayo utungo wake utapita, kisha huyapima maneno kwa mizani ya sauti hiyo. Na mjuzi akilisikia shairi linaghaniwa, huitambua bahari yake kabla hajalielewa jambo linalosemwa. Kwa hiyo mpenzi wa mashairi ana haki ya kuuliza swali ambalo mtazamaji wa filamu haulizi mara nyingi: je, katika picha hii mahadhi yalitangulia au yalifuata? Katika filamu nyingi jibu li wazi. Picha imekwisha pigwa na imekwisha katwa, ndipo mtunzi wa muziki akaitwa aitie nakshi, kama aitwavyo fundi wa rangi nyumba ikishaezekwa. Lakini zipo filamu chache ambamo mtu huhisi kwamba picha zenyewe zimepangwa kuufuata wimbo, na baadhi ya zilizo bora katika hizo zilitoka China baina ya mwaka 1984 na mwaka 1994. Muziki wake ulitungwa na Zhao Jiping.

Jina hili halijasikika sana kwetu. Anayetajwa, akitajwa mtunzi wa filamu wa Kichina, ni Tan Dun, aliyepata tuzo ya Oscar mwaka 2001 kwa muziki wa Crouching Tiger, Hidden Dragon ya Ang Lee. Tan Dun ni fundi mkubwa, sibishi. Lakini Zhao ni mtu wa namna nyingine. Alizaliwa mwaka 1945 mjini Pingliang, katika mkoa wa Gansu, akakulia Xi'an, mji mkuu wa Shaanxi. Baba yake, Zhao Wangyun, alikuwa mchoraji ambaye katika miaka ya 1930 alizunguka vijiji vya kaskazini akiwachora wakulima na mafukara. Michoro yake ikachapishwa gazetini, na Jenerali Feng Yuxiang akaitungia mashairi ya lugha nyepesi. Picha na shairi, basi, vilikutana nyumbani kwao kabla yeye hajazaliwa. Alipohitimu chuo cha muziki cha Xi'an mwaka 1970, alipelekwa kufanya kazi katika taasisi ya michezo ya kuimba ya mkoa wa Shaanxi, na huko akakaa miaka ipatayo 20. Mwanzo wake ulikuwa katika miaka ya Mapinduzi ya Utamaduni, wakati ambapo jukwaani iliruhusiwa michezo michache tu iliyoteuliwa na wakubwa. Hata hivyo, waimbaji wa kale walikuwako, na sikio halikatazwi.

Uimbaji wa huko huitwa Qinqiang. Ni sauti ya kifua na koo, hupigwa juu kama ya mtu amwitaye mwenziwe aliye ng'ambo ya bonde. Huongozwa na vibao vya mti vinavyogonganishwa na fidla ya nyuzi mbili iitwayo banhu, yenye mlio mkali usiojua haya. Anayeizoea sauti ya taarabu ya ukumbini, iliyolainishwa na mdundo wa udi na ganuni, itamkwaruza mara ya kwanza. Avumilie.

Filamu iliyomtoa Zhao ni Ardhi ya Njano ya mwaka 1984. Iliongozwa na Chen Kaige na picha zake zikapigwa na Zhang Yimou, wote wawili vijana waliokuwa wamehitimu chuo cha filamu cha Beijing miaka miwili tu kabla. Kisa chake ni chepesi kusimulia. Mwaka 1939, Gu Qing, askari wa Jeshi la Nane la Wakomunisti, anafika katika kijiji cha kaskazini mwa Shaanxi, penye vilima vya udongo vilivyo vitupu, kukusanya nyimbo za wakulima. Jeshi linazitaka nyimbo hizo ili lizivue maneno yake ya zamani na kuzivika mapya, askari waziimbe waendapo vitani. Anafikia katika nyumba ya mzee mjane mwenye binti aitwaye Cuiqiao na mtoto wa kiume aitwaye Hanhan, ambaye hasemi neno kutwa nzima. Mzee akiombwa kuimba hukataa. Haoni kwa nini mtu aimbe hali hana furaha wala msiba. Yule mtoto bubu wa hiari ndiye anayeanza, na wimbo wake ni wa mzaha juu ya bwana arusi mdogo anayekojoa kitandani. Mzee naye anakuja kuimba, lakini usiku wa mwisho tu, na anachokiimba ni masaibu ya mwanamke aliyeozwa kwa nguvu. Naye mwenyewe ndiye amozaye binti yake kwa nguvu.

Hapa mshairi huinua kichwa. Mtu aliyemkosea mwanawe anaimba kosa lenyewe, kwa huruma tupu, na haoni mgongano wowote, kwani wimbo aliurithi na ndoa aliirithi. Sijapata kukutana na utungo unaoieleza hali hiyo kwa uchache wa namna hii. Zhao hakutia chombo hata kimoja kumsaidia mzee yule. Ameiacha sauti ikauke peke yake katika pango la udongo.

Nyimbo za kaskazini mwa Shaanxi huitwa xintianyou. Ubeti wake ni wa mishororo miwili. Wa kwanza hutaja kitu kinachoonekana, kama mto, kondoo au mawingu. Wa pili hutaja lililo moyoni. Na baina ya miwili hiyo hakuna neno la kuunganisha. Msikilizaji ndiye aungaye. Nadhani siri ya filamu hii imo humo. Picha za Zhang Yimou ndizo mshororo wa kwanza: ardhi imejaa fremu nzima, mbingu imebanwa juu kama ukingo wa shuka, mtu ni nukta. Sauti ya Cuiqiao ateremkapo mtoni kuteka maji ndiyo mshororo wa pili. Mtu akizima sauti akaitazama filamu bubu, ataona ubeti uliokatwa nusu.

Jambo linalotiwa katika mizani ni zito kuliko mapenzi ya msichana. Wote wanaoijua historia ya China wanajua kwamba mambo hayakuishia katika kukusanya. Mashariki ni Nyekundu, wimbo wa kumsifu Mao ambao katika miaka ya Mapinduzi ya Utamaduni ulisikika kila mahali, ulitokana na mahadhi ya wakulima wa eneo hilo hilo la Shaanxi. Maneno ya mapenzi yaliondolewa, yakatiwa ya siasa. Kuazima mahadhi si dhambi. Pwani tumekuwa tukifanya hivyo siku zote, na Juma Bhalo wa Mombasa alizitia sauti za filamu za Kihindi maneno ya Kiswahili fasaha hata Wahindi wenyewe wangalisita kuzidai. Lakini Bhalo aliazima sauti iliyokwisha imbwa na kulipiwa. Gu Qing anaichukua sauti ya msichana ambaye hana kingine cha kumiliki, na anamwachia ahadi kwamba atarudi.

Cuiqiao anaamini. Ameozwa kwa mzee asiyemjua. Usiku anaiba mashua kuuvuka Mto wa Njano alitafute jeshi, na akiwa gizani anaimba wimbo aliofundishwa na askari, ule wenye maneno mapya. Sauti yake inasikika juu ya mvumo wa maji, kisha inakatika. Inakatika katikati ya neno, na neno lenyewe ni jina la chama kitakachowaokoa wananchi. Baada ya hapo ni maji tu. Mtunzi mwingine angaliweka ngoma au vinubi kutuarifu kwamba msichana amezama. Zhao na Chen Kaige walitukatia silabi. Sisi tunaohesabu mizani kwa vidole tunajua silabi moja ikipungua sikio huteguka kama mguu uliokosa ngazi, na kuteguka huko ndiko kuelewa kwetu. Mwishoni mwa filamu wanaume wa kijiji, wamejivika mataji ya majani, wanamwomba mfalme wa majoka mvua. Hanhan anawakimbia kinyume, akimwendea askari anayeonekana upeo wa macho asiyefika. Ardhi ikishabaki tupu, sauti ya dada inarudi na wimbo ule ule wa jeshi. Wako wahakiki walioisoma sauti hiyo kuwa matumaini. Mimi naisikia kama deni.

Naja kwenye zumari. Chombo cha arusi na mazishi katika vijiji vya kaskazini mwa China ni suona, na mtu wa visiwani au wa Lamu akikiona hahitaji kuelezwa. Ni zumari. Kina ulimi wa kupulizwa, mwili wa mti unaotanuka kuelekea chini, mdomo wa shaba, na mpigaji huvuta pumzi kwa pua huku mashavu yakisukuma, hata mlio usikatike. Hata jina ni la ugeni: suona hutokana na surnay ya Kiajemi, kama vile zumari yetu ilivyokuja na jina lake kutoka kwa Waarabu. Nyumba ni moja. Ndugu mmoja alisafiri na ngamia, mwingine alipanda jahazi.

Katika Ardhi ya Njano msafara wa arusi unapita mara mbili, na zumari mara mbili. Mara ya kwanza tunaona arusi ya mtu mwingine: jeneza jekundu la kitambaa, kwani machela ile haifanani na kitu kingine, karamu, na samaki wa kuchongwa kwa mti waliowekwa mezani kwa kuwa wa kweli hawapatikani. Mara ya pili ni Cuiqiao. Zumari ni ile ile, nayo inachangamka vile vile, na kuchangamka huko sasa hakustahimiliki.

Miaka mitatu baadaye Zhang Yimou aliongoza filamu yake mwenyewe, Mtama Mwekundu, kutokana na riwaya ya Mo Yan, na mwaka 1988 ikapata tuzo kuu ya Berlin. Zhao aliifungulia zumari mlango wote. Wachukuzi wa machela wanamtikisa bibi arusi makusudi, wakimwimbia maneno ya kumkejeli, mpaka kilio chake kinawanyamazisha. Jiang Wen anaimba katika mashamba ya mtama kwa sauti ya mlevi, isiyosafishwa, inayokosa na kupata. Mwishoni, baada ya mauaji, jua linapatwa, ulimwengu wote unageuka mwekundu, na zumari nyingi pamoja na ngoma zinalia juu ya maiti mpaka mtu hajui kama ni arusi au maziko. Juu yake mtoto anaimba wimbo wa kuisindikiza roho ya mama. Nimeitazama sehemu hiyo mara nyingi kwa diski ambayo imekwaruzika na kuruka-ruka, na bado hunisimamisha nywele.

Lakini nina neno. Nyimbo za Mtama Mwekundu zilitoka kwenye filamu zikaingia mjini. Mwaka 1988 vijana wa China walishikwa na homa ya nyimbo za makelele zilizoitwa upepo wa kaskazini-magharibi, na sauti ya Jiang Wen ilikuwa miongoni mwa zilizowasha moto huo. Katika Ardhi ya Njano mkulima anaimba kwa kuwa hana njia nyingine. Katika Mtama Mwekundu anaimba ili tumwone jinsi alivyo hodari kuimba. Tofauti hiyo ni ndogo, lakini kutoka hapo ndipo Zhao alipofika baadaye, mwaka 1998, kwenye wimbo wa mashujaa wa mfululizo wa televisheni wa Ukingo wa Maji ulioimbwa na Liu Huan, ambao ni wimbo mzuri wa kutembelea barabarani na si zaidi.

Inueni Taa Nyekundu, ya mwaka 1991, ni kinyume chake kabisa, nami huiweka juu. Songlian, msichana aliyekatizwa masomo, anaingia kuwa mke wa nne katika jumba la kuta za kijivu. Jumba lililopigwa picha ni la ukoo wa Qiao, mkoani Shanxi. Kila jioni taa nyekundu huwashwa katika ua wa mke ambaye bwana atalala kwake, na mke huyo hukandwa nyayo kwa vinyundo vidogo. Mlio wa vinyundo hivyo hupita juu ya mapaa na kuingia vyumbani mwa wake wengine. Hiyo ndiyo ngoma ya filamu hii. Zhao aliijengea juu yake kundi la wanawake wanaoigiza kwa vinywa vyao milio ya matuazi na upatu wa michezo ya kuimba ya Beijing. Hawatamki neno lenye maana, ni silabi kavu za kugonga tu. Nani aliyewahi kufikiri kwamba tashbihi ya wanawake waliofungiwa ni wanawake wanaoimba sauti za vyombo? Wamekuwa upatu wenyewe, na upatu hupigwa na mtu. Mke wa tatu, Meishan, aliyekuwa mwimbaji, huimba alfajiri juu ya paa, na hiyo ndiyo sauti pekee ya binadamu aliye huru katika jumba zima. Anapouawa, Songlian huingia chumbani mwake, huwasha taa zote na kuiweka sahani ya santuri. Watumishi wanakimbia wakidhani ni mzuka. Kwa maana moja hawakukosea.

Wapo wasemao, na wamesema kwa nguvu, kwamba muziki bora wa filamu ni ule usiosikika. Kauli hii ina ukweli kwa muziki wa kupaka rangi. Kwa kazi ya Zhao ni sawa na kusema kina bora ni kile kisichosikika. Chukua Kisa cha Qiu Ju, iliyopata tuzo kuu ya Venice mwaka 1992. Mwanamke mja mzito wa kijiji cha Shaanxi anamtafutia haki mumewe, aliyepigwa teke pabaya na mkuu wa kijiji. Hataki fedha, anataka maelezo. Anauza pilipili apate nauli, anakwenda kwenye ofisi ya tarafa, kisha wilaya, kisha mji mkubwa, na kila anapotoka tena barabarani unarudi mlio ule ule wa kinanda cha nyuzi na sauti ya kiume ya michezo ya vivuli ya Shaanxi, kipande kifupi sana. Ni kibwagizo. Nasi tunajua kazi ya kibwagizo: maneno hayabadiliki, lakini kwa kuwa ubeti uliotangulia umebadilika, maana yake imezidi kuwa nzito. Mara ya kwanza tunatabasamu. Mara ya nne tunamwonea huruma mja mzito kwenye baridi, na tunaanza kushuku kwamba njia hii haina mwisho mwema. Mwishoni kinachosikika njiani ni king'ora cha gari la polisi lililomchukua mkuu wa kijiji, ambaye mwezi mmoja hivi kabla alisaidia kuokoa maisha ya Qiu Ju alipokuwa akijifungua. Uso wa Gong Li barabarani unabaki na swali.

Juu ya Kwaheri Suria Wangu sitakaa sana, ingawa ndiyo maarufu kupita zote na mwaka 1993 iligawana tuzo kuu ya Cannes na The Piano ya Jane Campion. Filamu ni kubwa, na Leslie Cheung ndani yake ni ajabu. Lakini mchezo wa kuimba wa Beijing una muziki wake uliokwisha timia, na Zhao aliyeongeza nyuzi za okestra kando yake anaonekana kama mgeni mwenye adabu katika nyumba ya watu. Mara kadhaa okestra huingia mapema mno, ikituambia huzuni ambayo uso wa mwigizaji umekwisha tuambia. Udhaifu huo huo nauona katika baadhi ya kazi zake kubwa za ukumbini za miaka ya baadaye. Tamasha lake la pili la pipa la mwaka 2013, alilomtungia Wu Man, lina vifungu vitamu kwa chombo hicho ambacho ni jamaa wa mbali wa udi, lakini kila pipa inapoanza kusema jambo la siri, okestra huliitikia kwa kishindo. Zhao aliyeiacha sauti ya mzee ikauke pangoni alikuwa jasiri zaidi.

Ujasiri ule unaonekana mara nyingine, tena ukiwa umekomaa, katika Kuishi ya mwaka 1994, filamu ya Zhang Yimou kutokana na riwaya ya Yu Hua. Ilipata tuzo ya pili kwa ukubwa ya Cannes, na Ge You akapata ya mwigizaji bora wa kiume. Nchini kwake ilikatazwa kuonyeshwa. Fugui, mtoto wa tajiri, anapoteza nyumba yao kwenye kamari, na aliyeishinda nyumba anamwazima sanduku la vinyago vya ngozi vya michezo ya vivuli ili apate riziki. Katika riwaya hakuna vivuli. Vimetiwa katika filamu, na pamoja navyo kisa kimehamishwa kutoka kusini kikaja kaskazini, mahali pa sauti anayoijua Zhao. Fugui anaimba kwa ukali wa Shaanxi kwenye nyumba ya kamari, kwa kujifurahisha. Anaimba kwa wanakijiji ili ale. Vita vinamchukua, na anawaimbia askari. Mwaka 1958, wakati kila sufuria inayeyushwa kutafuta chuma, anawaimbia usiku kucha wafanyao kazi kwenye matanuri, na tunafahamu kwamba amevinusuru vinyago visiyeyushwe kwa ajili ya misumari yake kwa kuahidi kuwaburudisha wachovu. Wimbo ni ule ule, wenye kusikiliza ndio wanaobadilika. Baina ya nyimbo hizo Zhao ameweka mahadhi ya fidla ya nyuzi mbili, marefu, yasiyopanda sana wala kushuka sana, kama pumzi ya mtu abebaye maji. Binti wa Fugui amekuwa bubu kwa homa ya utotoni. Katika filamu iliyojaa kuimba, mtu mmoja hana sauti, naye ndiye atakayekufa akijifungua kwa sababu madaktari wameondolewa.

Katika Mapinduzi ya Utamaduni vinyago vinachomwa, kwa kuwa ni vya kale, na kila cha kale kimekuwa uasi. Tangu hapo Fugui haimbi tena. Mahadhi ya fidla yanaendelea bila yeye, juu ya uzee wake na wa mkewe, mpaka mjukuu anaponunuliwa vifaranga na kutafutwa mahali pa kuviweka. Sanduku la vinyago lilibaki chini ya kitanda, tupu. Linavutwa, linafunguliwa, na vifaranga vinatiwa humo, vikilia.